Mistari ya Njano Uwanjani

Jumanne, 19 Aprili 1994

Nimemshinda Mutie! Madam Valary, yule wa michezo pale chuo kikuu, amenipa mimi Khamala kazi ya kuchora mistari ya uwanja. Mechi ni Jumamosi, Kabiro yetu na Kibera. Miaka yote mchoraji ni Mutie, fundi wa mawe. Nilimweleza Madam kwamba mistari ya Mutie imepinda, na kwamba mimi ndiye mwandika mabango wa Kawangware, mkono wangu hautetemeki. Akanipa magunia mawili ya chokaa. Nikichora vizuri nitapewa na koti la buluu la mtunza uwanja. Mutie amelimezea mate koti hilo tangu zamani. Pole yake!

Madam alinionya, lakini. Jumatatu wakubwa wa chuo wana kikao. Wengine wanataka geti lifungwe kwa sisi watu wa mtaa, eti tunawaharibia uwanja. Mechi ikienda sawa, geti linabaki wazi. Ikiharibika, hatukanyagi tena pale.

Nilimwambia alale usingizi. Tufungiwe uwanja twende wapi? Mzee Muia huuzunguka kila asubuhi kwa ajili ya mguu wake, amri ya daktari. Kwaya ya mke wangu Nanyama hufanyia mazoezi jukwaani, kwa sababu jukwaa lina paa na kanisa letu bado. Yvonne wetu alijifunzia baiskeli mle. Na mimi hulala kwenye nyasi za kona, upande wa kivuli. Hiyo pia ni huduma.

Jumatano, 20 Aprili

Nimewaza. Magunia mawili kwa mistari tu ni kufuja mali. Jumamosi mashabiki wote wa Kibera watapita mbele ya kibanda changu, nacho kimechakaa. Nani atampa kazi mwandika mabango mwenye kibanda kama hicho? Nikachukua chokaa kidogo tu, ya ukuta wa mbele.

Ukuta wa mbele ukauaibisha wa kando. Wa kando ukauaibisha wa nyuma. Kufika saa kumi, chokaa imekwisha.

Lakini kibanda kinang'aa! Watu kutoka mtaa wa Satellite walisimama kukitazama. Mutie naye alipita, akauliza nimetoa wapi chokaa. Nilimwambia ashughulike na mawe yake.

Alhamisi, 21 Aprili

Nilishikwa na wasiwasi mpaka saa nne hivi. Halafu nikakumbuka. Chini ya kitanda tuna gunia la unga wa njano, ule wa mahindi ya msaada. Watoto wameukataa. Hata mimi nimeukataa. Nanyama alisema mtu asiuguse, ni wa kuku wake. Kuku! Na geti la mtaa mzima liko hatarini!

Nanyama alipokwenda mazoezi ya kwaya nilitoa gunia lote. Mahali pake nikajaza matambara, nikalifunika vile vile. Hata mimi nilidanganyika nilipochungulia.

Ijumaa, 22 Aprili

Kazi imekwisha. Mistari imenyooka, ya njano, mtu aione hata akiwa kwenye ghorofa za Nyayo Highrise. Madam aliuliza mbona si myeupe. Nikamwambia Ulaya siku hizi ni njano tupu. Aliitikia kwa kichwa, polepole. Mutie aliinama, akanusa, akanitazama. Wivu ni kitu kibaya sana.

Mbuzi wanne wa Phanuel, yule mwenye bucha, walikuwa wanachungulia kwenye tundu la ua. Nikawafukuza. Nilikuwa nimechoka, tundu sikuliziba.

Jumamosi, 23 Aprili

Ole wangu! Saa saba mchana Kibera wamefika na ngoma zao, Kabiro tumejaa, mkubwa mmoja wa chuo amekaa jukwaani na suti. Refa anakagua uwanja. Akaita. Boksi la kusini halipo. Mstari wa goli haupo. Nusu ya duara la katikati haipo. Na nyuma ya goli mbuzi wanne wamelala, matumbo yamewavimba, midomo ya njano.

Nilisema kwa sauti kwamba huu ni wizi, na polisi waitwe. Nanyama akaja taratibu. Akamshika mbuzi mmoja taya, akamtazama mdomoni. Kisha akanitazama mimi.  

Refa akasema bila mistari hakuna mechi. Madam alikuwa karibu kulia. Yule wa suti akatoa kalamu.  Niliona geti limefungwa, nikamwona Mzee Muia amekaa kitandani na mguu wake, na kwaya ikinyeshewa. Nilitaka kukiri kila kitu. Mdomo ukagoma.

Ndipo Mutie akapaza sauti: jivu! Kila mtu na jivu la jiko lake! Wamama wa Kabiro wakakimbia ploti kwa ploti, wakarudi na makarai. Lakini boksi lilikuwa wapi hasa? Refa hajui. Mimi sikumbuki. Mzee Muia akajitokeza na mkongojo, akasema yeye amekanyaga mistari ile kila asubuhi kwa miaka sita, ataiendea hata amefumba macho. Akatangulia, tap, tap, tap, mguu ukiburutika, huku Mutie akimwaga jivu nyuma yake. Vijana wa Kibera wakashika kamba inyooke. Hata yule wa suti alibeba karai! Suti ikaingia jivu yote. Alikuwa anacheka.

Nami nilichangia. Nilionyesha watu kwa kidole mahali pa kupita.

Tulifungwa mbili kwa moja. Kibera wakaimba, na sisi tukaimba. Siku nzuri sana.

Jioni nilipewa sahani ya sukuma wiki tupu. Nikauliza ugali. Nanyama alisema ugali uko uwanjani.

Jumapili, 24 Aprili

Sukuma wiki tena. Kanisani mchungaji alimshukuru Mungu kwa ajili ya Mutie na Mzee Muia. Nilingoja jina langu mpaka baraka ya mwisho.

Jumatatu, 25 Aprili

Geti linabaki wazi! Wakubwa wameamua. Yule wa suti aliwaambia hajawahi kuona watu wanaopenda uwanja namna ile, na chuo kimetoa neti mpya kwa magoli yote mawili. Karibu nimkumbatie Mutie. Mzee Muia alizunguka mara mbili zaidi leo.

Koti amepewa Mutie. Linambana mabegani, nimeliona. Madam alitaka nisikanyage tena pale na kopo la aina yoyote, lakini Mutie aliniombea. Amenifanya msaidizi. Kazi yangu ni kulinda neti mpya mpaka kesho.

Ukweli ni kwamba kila kitu kilitokana na mimi. Bila unga, mbuzi hawaji. Bila mbuzi, hakuna jivu. Bila jivu, yule wa suti angeondoka na kalamu yake.

Halafu nimegundua jambo ambalo Mutie hajaliona. Pale mbuzi walipolamba unga, nyasi nazo zimekatwa fupi, safi kabisa! Chuo kinahitaji mtu wa nyasi, na huyo lazima atapewa koti lake. Nimemwomba Phanuel mbuzi wake wanne. Nimewafunga mchana huu kwenye nguzo za goli la kusini, kamba fupi, wasitoroke. Neti mpya inawagusa migongo. Haina neno, mbuzi hali neti. Nakwenda kulala kidogo pale kona.