Saa Arobaini za Mwalimu Levi

Jumatatu, 6 Juni 2005. Kitale

Mwalimu mkuu, Bwana Kimaiyo, ametangaza leo mbele ya walimu wote. Shule itakuwa na mshauri wa wanafunzi. Mwenye kibali, si mtu wa kujitolea. Atapewa chumba chenye dirisha, meza na kufuli. Kufuli! Mimi ni mwalimu wa bodi, wa kulipwa na shule si serikali, mwaka wa sita sasa na vitabu vyangu vinakaa ndani ya boksi la sabuni. Mkataba wangu unaisha mwezi wa saba. Nikikosa nafasi hii, naenda kupalilia mahindi ya baba mkwe, naye ananisubiri kwa hamu.

Tunaogombea ni wawili. Mimi, Levi Mukhisa, mtu wa diploma. Na Edinah, matroni wa bweni la wasichana. Matroni! Mwanamke wa kugawa dawa ya minyoo na kuhesabu magodoro. Nilicheka mpaka Bwana Kimaiyo akauliza kama naumwa.

Kozi ya ushauri nasaha tulimaliza wote mwezi wa nne, kila Jumamosi katika ukumbi wa kanisa. Nililala vizuri sana kule. Kilichobaki ni daftari: saa arobaini za kumsikiliza mwanafunzi, na kila saa ina jina, kidato, tatizo na sahihi ya aliyesikilizwa. Jopo la vibali la Bungoma litalikagua tarehe 17. Barua yao imesainiwa na Bi. G. N. Kang'ethe, mwenyekiti. Mwandiko wa mtu asiyecheka.

Saa za Edinah: thelathini na nane. Ati watoto humfuata wenyewe. Si ana peremende!

Saa zangu: sifuri.

Jumatano, 8 Juni

Nimeanza kazi. Niliingia Kidato cha Tatu na kuamuru wenye shida wainue mikono. Wakainamia vitabu. Nikarudia kwa ukali zaidi, ili wajisikie huru. Mmoja akainua mkono. Alitaka kwenda chooni. Nilimshauri papo hapo dakika ishirini kuhusu kujizuia katika maisha. Alikataa kusaini, akakimbia. Kizazi kisicho na shukrani.

Ningejisainia mwenyewe, lakini nina mwandiko mmoja tu. Nahitaji mikono arobaini.

Jumamosi, 11 Juni. Kimilili

Mungu hamtupi mja wake. Tumemzika mjomba wa mke wangu Nekesa. Marehemu alikuwa mkaguzi wa shule miaka thelathini, kwa hivyo umati ulikuwa mkubwa, na hotuba ndefu za watu waliovaa tai. Sikusikiliza hata moja. Macho yangu yalikuwa kwenye meza karibu na jeneza. Kitabu cha rambirambi! Jina, atokako, sahihi. Kurasa kumi na mbili. Mikono ya kila aina, mpaka ya kutetemeka.

Nikajitolea kukitunza. Familia ikashangaa, maana tangu nioe binti yao sijawahi kujitolea hata kubeba kiti. Shangazi mmoja alilia, akasema ati Levi amekuwa mtu. Nikamwambia nitakipeleka kikawekwe jalada zuri Kitale. Nekesa alinitazama kwa jicho la pembeni. Mwanamke huyu hana imani.

Jumatatu, 13 Juni

Karatasi ya kaboni, kalamu tatu, stoo ya vitabu nimeifunga kwa ndani. Sahihi za waombolezaji zinatoka safi kabisa! Matatizo nayagawa kwa haki. Hiram, chifu mstaafu aliyekuja mazishini na mkongojo, nimemweka Kidato cha Kwanza: anaogopa kuota ndevu. Mchungaji aliyeongoza mazishi yuko Kidato cha Tatu: kutoroka usiku kwenda disko. Mama mmoja, Gladwell Nyaruai, ana sahihi yenye mikunjo ya majivuno. Nilimchukia papo hapo. Kidato cha Pili: uvivu, uongo na kuiba mtihani. Nikamwongezea saa ya pili, maana kesi yake ni nzito.

Saa nne asubuhi mtu akabisha. Ni Jelimo wa Kidato cha Pili, macho mekundu. Akasema ati mwalimu, mama yangu amelazwa, sijui kama nirudi nyumbani niangalie wadogo zangu au nikae nisome. Nilikuwa katikati ya sahihi ya daktari wa mifugo, na kaboni ikisogea ndio basi. Nikamweleza kwa upole kwamba sina kibali bado, na kumsikiliza mtu bila kibali ni makosa. Arudi nikipata. Akafuta macho kwa mkono wa sweta, akaondoka.

Nilihisi kitu kifuani. Nadhani ni mandazi ya asubuhi.

Alasiri nimemwona amekaa na Edinah kwenye ngazi za bweni. Edinah hasemi neno. Anakaa tu! Huo ndio ushauri?

Ijumaa, 17 Juni. Bungoma

Sitaki kuandika. Naandika.

Edinah aliingia kwanza akiwa na daftari lenye madoa ya uji. Dakika kumi, akatoka anatabasamu. Nikaingia mimi, tai imenyooka. Mwenyekiti, mama mnene mwenye miwani, akafungua daftari langu na kusoma polepole. Akauliza huyu Hiram anaendeleaje. Nikasema vizuri, ndevu zimeanza kuota na ameacha kulia. Akafungua ukurasa mwingine. Akaniuliza kuhusu Gladwell Nyaruai. Nikaona hapa ndipo pa kung'aa. Nikasema huyo msichana ni mgumu, mwongo wa kuzaliwa, lakini nimemsikiliza saa mbili na juzi aliniomba msamaha kwa machozi.

Akavua miwani. Akasema jina lake mwenyewe ni Gladwell Nyaruai Kang'ethe, marehemu ndiye aliyemfundisha kazi, na hakumbuki kuniomba msamaha.

Wanajopo wengine wawili wakaomba daftari. Nao walikuwa wameenda mazishini. Mmoja, kwa mujibu wa daftari langu, alikuwa akikojoa kitandani tangu mwezi wa pili.

Jumatatu, 20 Juni. Kitale

Edinah amepata kibali, chumba na kufuli. Jelimo amebaki shuleni. Shangazi yake amechukua wale wadogo, na aliyempigia simu shangazi ni Edinah. Bahati tu. Bi. Gladwell amenihurumia kwa heshima ya marehemu: nilete saa arobaini za kweli kabla ya mwisho wa Julai, chini ya uangalizi wa matroni. Matroni! Bwana Kimaiyo amesema ni hiyo au mahindi.

Leo Edinah ameenda Bungoma kuchukua karatasi zake, akaniachia kiti chake na agizo moja: mtu akija, nyamaza umsikilize. Kiti kinalia. Nitalalamika.

Nimekaa hapa nikitafakari, na kosa langu nimeliona wazi. Kosa ni msiba. Msiba wa mkaguzi huleta watu wa elimu. Harusi ndiyo mambo! Jumamosi kuna harusi Webuye, binamu yake Nekesa, na nimejitolea kuandika daftari la zawadi. Yule shangazi wa Kimilili amelia tena.

Kuna mtu anabisha. Nadhani ni wa Kidato cha Kwanza, anavuta kamasi. Nimemwambia bila kufungua mlango arudi nikipata kibali.