Mashahidi Watatu wa Neno Bize

Kuanzia Jumatatu ile, gari lenye vipaza sauti lilitangaza mtaa kwa mtaa, hakuna neno lililotoka Kiingereza ambalo lingeruhusiwa kuranda mitaani bila kibali. Lilikuwa tangazo la heri. Wananchi walikuwa wameelewana kiholela kwa muda mrefu mno.

Idara ya Maana Sahihi ilikuwa na kamusi moja, iliyofungwa mezani kwa mnyororo, na karani mmoja, mama wa miaka kumi na minane kazini, ambaye hakuwa amefungwa ila hakuwa anaenda popote. Utaratibu ulikuwa mwepesi. Neno la namna hiyo likiandikwa kwenye kibao, lazima lipate mashahidi watatu walioiona maana yake kwa macho yao. Wasipopatikana, mlango unapigwa utepe mwekundu. Mkurugenzi mwenyewe ndiye aliyetunga waraka huo, au angalau alikuwemo ndani ya jengo ulipotungwa.

Wa kwanza kunaswa alikuwa mdogo wake karani, kwa kosa la kuandika KINYOZI FRESHI.

"Kamusi inasema freshi ni samaki, maziwa na hewa," mkaguzi wa Idara alimsomea. "Wewe unauza kipi?"

"Nanyoa, mzee. Mtu akitoka hapa anakuwa freshi."

"Anakuwa samaki?"

"Ah! Si uwaulize wateja wangu!"

Wateja watatu walikuja mbio, vichwa vinang'aa. Mkaguzi alilinganisha nyuso na vitambulisho, akasikitika. Kwenye picha wote walikuwa na nywele na ndevu.

"Hamfanani. Kifungu cha sita: shahidi na anayeshuhudiwa, wote wafanane na vitambulisho vyao."

Utepe ukapigwa.

Kinyozi akahamia sebuleni kwa dada yake, yeye na mashine yake. Mkono uliozoea kazi hautulii. Ndani ya wiki mbili alikuwa ameshanyoa watoto wote, shemeji yake aliyepitiwa na usingizi kwenye kochi, na zulia. Karani alivumilia. Siku alipomkuta paka wa jirani amenyolewa panki, alikaa chini.

"Dada, nifungulie banda langu. Kesho naanza mapazia."

"Mdogo wangu, sheria ni msumeno."

"Msumeno unakata huku na huku. Huu wenu mbona unakata huku kwetu tu?"

Neno hilo karani alienda nalo kazini kama kokoto kwenye kiatu. Akapita mlango wa Mkurugenzi, akasimama. Kibao kilikuwa pale pale, mwaka wa sita sasa: USIGONGE. MKURUGENZI YUPO BIZE.

Akafungua kamusi. Bize ni mtu aliyezidiwa na kazi. Mtaani, bize ni mtu asiyetaka kusumbuliwa. Karani hakutaka kumhukumu mkubwa wake. Akaenda kutafuta mashahidi tu, kama waraka unavyotaka.

"Kazi?" mama wa chai alishangaa. "Mimi nampelekea chai mara nne kwa siku. Mara tatu namkuta amelala. Ya nne ananiuliza leo siku gani."

"Mimi nilimwona ameshika kalamu," tarishi alisema kwa haki. "Alikuwa anajikuna mgongo."

Mkaguzi aliitwa. Alikuwa mtu mwaminifu hata pale uaminifu ulipomtia hasara. Alisoma waraka mara mbili, akaupiga mlango utepe, taratibu, asije akamwamsha aliye ndani.

Saa nne mlango ukatikisika.

"Fungueni! Mnajua mimi ni nani?"

"Tunajua, mzee wetu," karani alijibu kwa adabu. "Wewe huna tatizo. Tatizo ni kibao. Tunahitaji watu watatu waliokuona ukifanya kazi."

Kitasa kikaachwa.

"Basi leteni kazi! Yoyote ile! Niifanye sasa hivi!"

Kwa bahati tu, karani alikuwa na fomu mkononi. Akaipitisha chini ya mlango. Kalamu ikasikika ikikwaruza, muhuri ukagonga, na mkono mnene ukachomoza chini ya mlango na kibali cha KINYOZI FRESHI.

"Jamani, kaandika!" Mama wa chai alipiga kigelegele. "Mimi shahidi!"

"Na mimi!" alisema tarishi.

"Na mimi," alisema kinyozi, aliyekuwa amekuja kuomba kibali kwa mara ya tisa, akaichukua upesi karatasi ile kutoka kwenye mkono wa mkubwa.

Mkaguzi alichuchumaa. Akatoa nakala ya kitambulisho cha Mkurugenzi, akaiweka kando ya mkono, akatazama hiki, akatazama kile.

"Kitambulisho kina uso," alisema hatimaye. "Huu ni mkono. Havifanani."

Vidole vikarudi ndani kimoja kimoja.

Kinyozi akaweka kibali mfukoni, akainama karibu na mlango.

"Usijali, mzee. Siku ukitoka, pitia kwangu. Nitakunyoa uwe freshi."