Jinsi Mma Gaolathe Alivyovusha Kaa la Moto

Tegeni masikio, enyi mlioketi nanyi mliosimama, nyamazisheni hata vijiko, niwasimulie vita vikuu vya kata yetu, pale neno dogo gaufi, yaani karibu, lilipomtia vitani Mma Gaolathe, simba jike mwenye magoti mabovu.

Rre Sebego, bwana wa ng'ombe na wa kelele, alikuwa akimwoza binti yake, akawaita majirani wa gaufi waje kupika. Mma Gaolathe hakuitwa. Tangu mwanawe amjengee nyumba ng'ambo ya korongo alihesabiwa mgeni, na hilo lilimuuma kuliko magoti. Basi akajifunga shali kiunoni, akauvamia ua wa harusi.

"Rre Sebego! Binti huyu nilimpokea kwa mikono hii mkeo akijifungua. Leo mimi wa mbali?"

"Mma, usinichoshe. Gaufi ni pale nikiita unasikia."

"Kelele zako zinasikika mpaka mji wa Kanye! Watu wa huko nao waje kupika?"

Wanawake wakaangua kicheko.

"Neno hili lilizaliwa jikoni, mzee wangu, kabla ya viberiti. Bibi zetu waliazimana moto. Kaa likifika kwako lingali hai, wewe wa gaufi."

"Haya, beba!" akasema Rre Sebego, akiusikiliza upepo wa Agosti kwa furaha. "Likizima, kesho utakaa kwenye viti na wageni."

Shujaa akainama motoni, akachagua, akatia kigaeni, akaondoka. Loo, safari ile! Upepo ukamshambulia kwa majeshi ya vumbi. Beberu dhalimu akamkabili, akala teke. Korongo likamnasa miguu mchangani. Magoti yakaomba sulhu, akayakatalia. Kata nzima ikamfuata, Rre Sebego akihema.

Akafika kwake, akalitia kaa kwenye nyasi, akapuliza, moshi ukapanda. Rre Sebego akachungulia kigae.

"Mma! Haya ni mavi makavu ya ng'ombe! Hayazimiki hata ukifika nayo Kanye!"

"Ya ng'ombe wako, tena kutoka moto wako. Bibi zetu walibeba nini, viberiti? Kaa chini, unywe chai."

Akaketi, akanywa, akaomba ya pili.

Kesho yake Rre Sebego alipopaza sauti kuulizia ugali wa mtama, aliyeitika kwanza, kutoka kwenye sufuria kubwa kuliko zote, alikuwa Mma Gaolathe: "Bado! Usinipigie kelele, niko hapahapa!"

Na siku hiyo, enyi mliosikia, ikaingia katika historia ya dunia.