Nilivyomkwepa Mama Mkwe kwa Kipindi Kimoja

Leo nimeaibika mpaka viatu vyangu vya mpira vinaniangalia kwa huruma. Naandika nikiwa nimelalia ubavu wa kushoto, kwa sababu ngozi ya ubavu wa kulia imebaki Mbale.

Tangu vita viishe, Jinja na Mbale hazijawahi kucheza. Nani angecheza, na kiwanja chao kilikuwa kambi ya askari? Leo ndiyo ilikuwa mechi ya kwanza. Sisi timu ya kiwanda cha nguo tukapanda lori asubuhi, tukaimba njia nzima, na hakuna mtu aliyetushusha kutupekua. Kipa wetu alilia kwa furaha. (Mimi pia, lakini chozi langu lilikuwa la vumbi.)

Kocha wetu ni Mskoti, fundi aliyerudi kufufua mashine zilizolala wakati wa vita. Kwao alikuwa beki wa kulipwa. Si nyota, mwenyewe anasema. Amecheza timu tatu, mbili zikashuka daraja naye akiwa ndani. Magoti yote mawili yameoza. Goli lake ni moja maishani, na alimfunga kipa wake mwenyewe. Ila kuteleza anajua. Kwao mvua haikatiki, kwa hiyo beki hahangaiki kumkimbiza mtu: anajitupa chini, anateleza na tope, anaufikia mpira kabla ya mwenyewe. Ametufundisha hilo moja tu, na mwanafunzi wake bora ni mimi. Nimewahi kuanza kuteleza Jinja mjini nikasimama Budondo, kijiji cha mbali. (Punguzeni kidogo.)

Sasa shida yangu. Nina mchumba Mbale, Nambozo, wa Namatala. Jumamosi ijayo wazee wangu walikuwa waende kwao kunitambulisha. Na mila mnaijua: mtu na mama mkwe wake hawakaribiani. Hamshikani mikono, hamkai chumba kimoja, mkikutana njiani mmoja anaingia kwenye migomba. Kumgusa ni balaa, linatafutiwa mbuzi.

Tuliposhuka tu kwenye lori, Nambozo akanivuta pembeni.

"Waiswa, mama amekuja."

"Amekuja wapi?"

"Hapa kwa mpira. Anataka akuone kwa mbali, ajue mtoto wake anakwenda kwa mtu gani. Ameketi kule kwa bendera ya kona, mwavuli wa kijani. Usisogee upande ule. Hata macho usipeleke."

"Ondoa shaka."

Mimi nimesoma shule ya usiku. Jiometri nilipita, cheti kipo ukutani. Nikapima kiwanja kwa jicho: nikicheza beki wa kulia, kona ile inakuwa mbali nami kuliko zote. Nikamwendea Mskoti.

"Wewe iko beki wa kushoto," akasema.

"Leo wa kulia, bwana. Mambo ya familia."

Akainua mabega. "Sawa. Lakini angalia winga yao. Mbio yake si ya mchezo."

Kipindi cha kwanza nilicheza kama simba aliyeahidiwa mke. Winga hakupita. Bila bila. Mapumziko, mvua ikashuka kutoka mlima Wanale, uwanja ukawa sabuni. Nikala chungwa langu, nikarudi uwanjani na wenzangu, nikafika mahali pangu, nikageuka. Mwavuli wa kijani ulikuwa nyuma yangu.

Timu hubadilishana magoli. Mtoto wa miaka mitano anajua. Mwenye cheti cha jiometri hajui.

Nikamkimbilia Mskoti. "Bwana, nitoe."

"Tumekuja kumi na mmoja. Nikutoe, niingie mimi na magoti hii?"

Basi nikacheza kwa ubavu kama kaa, mgongo kwa mwavuli. Winga akaniona. "Afande, kule nyuma kuna nini? Deni?" Watu wa Mbale wakacheka. Nikavumilia.

Karibu na mwisho, winga akakata upande wangu, mbio kuelekea kona. Nilikuwa na nafasi ya kumwacha. Akili ilisema mwache. Mwili haukuuliza akili. Nikajitupa.

Nikaupita mpira. Nikampita winga. Nikaupita mstari. Watu wakagawanyika kama bahari, mwavuli ukaruka juu, na nilipokoma kuteleza kichwa changu kilikuwa mapajani mwa mama mkwe.

Kimasaba, lugha yao, sikijui. Nikasema kwa lugha iliyokuwa karibu, Kiswahili, tena kwa sauti ya hofu: "Mama, tulia. Kaa hapo hapo."

Fikirieni. Dume limejaa tope mpaka machoni, linamwamuru kwa Kiswahili, ambacho kwetu ni lugha ya askari. Miaka yote ile ya vita sentensi hiyo alikuwa ameisikia kwa watu gani? Mama akainua mikono juu. Kisha akashusha mmoja polepole, akanisukumia mfuko wake.

Watu walicheka. Mimi nilitamani ardhi ya Mbale inimeze na viatu.

Nambozo akafika mbio. "Mama, si askari. Ni Waiswa."

Mama akaniangalia, akasema maneno kwa Kimasaba.

"Amesema nini?"

Nambozo akaokota mwavuli kwanza. Mwishowe: "Amesema afadhali askari. Askari anachukua mfuko, anaenda zake. Huyu anataka mtoto."

Wakati huo winga alikuwa ameshafunga.

Jumamosi imefutwa mpaka nipeleke mbuzi wa kuosha aibu, na hata hapo mama atafikiri kwanza. Kwenye lori hakuna aliyeimba. Mskoti akanipa nusu ya sigara yake. "Mimi nimeokoa mipira mingi," akasema, "hakuna mtu anakumbuka hata moja. Wewe, Mbale itakukumbuka mpaka kufa." Alidhani ananifariji.

Msicheke. Na ukiwa na mama mkwe wa kumkwepa, kabla hujachagua upande, kumbuka kuna kipindi cha pili.