Kamati ya Meza ya Koridoni

Jumatatu, 3 Machi

Mahakamani! Mimi! Nimeisoma ile amri nikiwa nimesimama, nikaketi, nikaisoma tena. Mama Mhuri, karani wetu wa kugonga mihuri, amekwenda kunishtaki kwa jaji. Eti niliitoa meza yake dirishani nikaiweka koridoni, na mlango wa choo ukifunguliwa unamgonga kiti. Eti ameandika malalamiko mara kadhaa, hakujibiwa. Kweli sikumjibu. Nilikuwa na shughuli. Nilikuwa nahamishia meza yangu dirishani.

Jaji ameiagiza Idara yetu ya Maji imsikilize kwa haki, kisha irudi Ijumaa kueleza. Mkurugenzi amenikabidhi jambo hilo, maana afisa wa malalamiko ya wafanyakazi ni mimi. Amesema tukiaibika, kazi sina. Nimemwambia alale usingizi.

Jumatano, 5 Machi

Kamati imeundwa! Taratibu zinataka watu watatu. Mwenyekiti, mimi. Mjumbe wa kwanza, shemeji yangu wa stoo. Wa pili, tarishi, mzee mpole ambaye hajawahi kumkatalia mtu neno. Tumekaa mezani kwangu, dirishani, upepo mwanana. Shemeji akauliza mlalamikaji yuko wapi. Nikashangaa! Wa nini? Malalamiko yake nayajua kuliko yeye, aliyeyasababisha ni mimi. Tumeamua kwa kauli moja kwamba koridoni panafaa.

Nilipomsimulia mke wangu, aliweka kijiko chini akaniuliza kama nina homa. Kaka yake mwenyewe nimemweka kwenye kamati, na bado hana shukrani.

Ijumaa, 7 Machi

Mungu wangu! Nilijiandaa vilivyo. Picha ya koridoni, picha ya dirisha, hata cheti cha daktari wa macho kuonyesha nahitaji mwanga. Jaji hakuvitazama! Akasema hakuja pale kuwapangia watu meza, anachotaka kujua ni kama huyu mama alisikilizwa. Nikasema ndiyo, kwa kina. Akauliza alisema nini. Nikasema hakuwepo.

Akauliza mlalamikiwa ni nani. Nikasema mimi. Na mwenyekiti wa kamati? Nikasema, kwa unyenyekevu, mimi. Jaji akavua miwani. Nilidhani nimemvutia. Mkurugenzi akajifunika uso kwa faili.

Uamuzi wetu umefutwa wote! Idara ianze upya, na mama huyo asikilizwe na mtu asiyehusika. Nimetoka nimelowa jasho mpaka soksi.

Jumanne, 11 Machi

Sina cheo! Mama Mhuri amesikilizwa jana na watu wa idara nyingine, karudishiwa dirisha lake. Kazi ninayo bado, ila meza yangu iko koridoni. Mlango wa choo umenigonga kiti asubuhi nzima, na kila anayetoka ananipa mkono uliolowa. Unyama gani huu! Mtu anawezaje kumfanyia mwenzake hivi?

Nimeandika malalamiko makali, nikayapeleka mbio. Afisa mpya wa malalamiko ni nani? Mama Mhuri! Mkurugenzi kampa yeye, eti ndiye pekee aliyewahi kuzisoma taratibu. Nimekwisha.

Alhamisi, 13 Machi

Nimepigwa na butwaa. Mama Mhuri kakataa kuamua malalamiko yangu! Amesema mimi na yeye tuna kesi ya juzi tu, si haki. Akaomba wale wale wa idara nyingine. Nikaitwa, nikapewa kiti, nikapewa chai, wakanisikiliza mpaka nikaishiwa maneno. Kisha wakakubali kwamba hakuna binadamu wa kukalishwa mlangoni pa choo. Meza yangu inarudi ndani kesho! Nimetokwa na machozi mbele za watu, na sioni haya.

Mwisho wakaniuliza, kwa kuwa sasa napajua, nina ushauri gani kuhusu ile nafasi ya koridoni, ili jambo hili lisijirudie. Nimewaambia wamweke tarishi. Mzee mpole, hatalalamika. Na akilalamika, kamati niko tayari kuiongoza.

Sijui kwa nini wote waliweka vikombe chini.