Hotuba ya Kuzindua Mradi wa Kugawa Ardhi ya Pamoja kwa Kasi na Upendo

Mheshimiwa Mwenyekiti, ambaye amepata udhuru. Mheshimiwa Makamu Mwenyekiti, unayemwakilisha mwenye udhuru na ambaye nawe uko njiani. Ndugu Katibu, ndugu mwakilishi wa Katibu, ndugu mpokea simu za Katibu. Wazee, akina mama, vijana, na wewe fundi wa vipaza sauti: itifaki imezingatiwa. (Makofi ya watu wawili.)

Leo, kwa heshima na taadhima, tunauzindua mradi huu katika kiwanja hiki hiki cha marehemu mzee, ambacho wanawe wawili, dada fundi cherehani na kaka yake mchomelea vyuma, wamekigombea mahakamani miaka kumi na moja, kesi ikaahirishwa mara thelathini na nne, huku zuio la mahakama likimkataza yeyote kuinua hata tofali moja, ndiyo maana dada huyu anashonea kibarazani kwa jirani, na mvua ikija anaikumbatia cherehani kama mgonjwa. (Dada: “Na hapo kibarazani nimepewa notisi, mwisho wa mwezi nitoke!” Minong’ono.)

Dada yangu, pole na hongera! Pole kwa notisi, hongera kwa kuuona mradi huu wewe ungali hai. Kwa mujibu wa frimuweki yetu, yaani mwongozo wa mradi, asilimia tisini na saba nukta nne ya migogoro ya ardhi ya pamoja husababishwa na ardhi hiyo kuwa ya pamoja. (Vicheko.) Andikeni, andikeni! Huo ni utafiti wa kina nilioufanya mimi mwenyewe, tena nikiwa likizo. (Dada: “Mheshimiwa, mpimaji yuko wapi?”)

Swali zuri sana. Mpimaji yuko kwenye mchakato, na mchakato ukikamilika utaingia kwenye mkakati, mkakati utashushwa kwenye mpango kazi, na mpango kazi utapandishwa tena juu ukaidhinishwe, kwa sababu sisi si watu wa kukurupuka. (Kaka: “Dada, tukimsubiri huyu utashonea juani.” Dada: “Si wewe uliyeng’ang’ania upande wenye kisima?” Kaka: “Basi kisima kiwe cha wote. Gawa wewe, nichague mimi.” Dada: “Thubutu! Gawa wewe, nichague mimi.” Kaka anachomoa futi ya kupimia mfukoni. Shangwe.)

Asanteni, naona ujumbe umewaingia. Wengi huniuliza, mheshimiwa, unalala saa ngapi, nami huwajibu kwamba kiongozi halali, anatafakari, na katika kutafakari huko ndiko nilikobuni nguzo tisa za mradi, ya kwanza ikiwa ushirikishwaji wa mastekiholda, yaani ninyi, ambao naona mnaondoka kwa utaratibu mzuri kwenda kueneza ujumbe. (Viti vimebaki vitupu. Kwa mbali, dada: “Vuta futi, usilegeze, nakuona!” Kaka: “Mita kumi na nane na nusu, njoo usome mwenyewe!”) Naomba utulivu kule nyuma, haiwezekani kiongozi anaongea halafu watu wanapigilia vigingi! (Dada: “Nachukua upande wa barabarani!” Kaka: “Nilijua tu! Haya, kesho kwa karani wa mahakama, tusaini, kesi ifungwe.” Vigelegele.)

Ardhi ya pamoja! Nasema, ardhi ya pamoja! (Fundi wa vipaza sauti: “Igawanywe!”) Kwa kasi na? (Fundi: “Upendo, mheshimiwa, na kipaza sauti changu naomba.”)

Kwa kumalizia, naishukuru familia hii, iliyonufaika na mradi kwa asilimia mia moja ndani ya dakika arobaini, na ripoti itasema hivyo. Nawashukuru wafadhili, ambao tutaanza kuwatafuta. Mpimaji wetu mkuu, ambaye nafasi yake bado haijatangazwa. Na watumishi wote wa mradi, ambao ni mimi. Ofisi yetu nayo ningewaonyesha, ila kiwanja chake kinamilikiwa kwa pamoja na idara mbili, na tuko mahakamani mwaka wa tisa sasa. Kwa hiyo, dada, kaka, mkimaliza hapo, naomba mje na hiyo futi mtugawie na sisi.