Bastola Juu ya Meza ya Fundi Saa

Kwa Mkuu wa Ulinzi,
Kikosi cha Walinzi wa Benki.

Mheshimiwa Mkuu,

YAH: AGIZO LA KUSAFISHA SILAHA NYUMBANI, NA MADHARA YAKE KWA MEZA YANGU, MSWAKI WANGU NA MAMA MKWE WANGU

Natumaini barua hii itakukuta mzima, umekaa kwenye kiti kisicho na mafuta ya bunduki. Sisi huku hatujambo. Viti ndivyo vinavyojambo.

Mimi ni fundi saa. Kazi yangu naifanyia nyumbani, chumba cha mbele, kwenye meza iliyo chini ya dirisha. Mke wangu ni mlinzi wako, yule mrefu aliyesimama kwenye mlango wa hazina miaka tisa bila kuegemea ukuta hata siku moja. Nakuandikia kama raia aliyechoka, lakini kwa adabu zote, kwa kuwa najua wewe una bastola hamsini na mimi nina bisibisi.

Miezi mitatu iliyopita chumba chenu cha silaha kilianza kukarabatiwa. Ukatoa agizo: kila mlinzi mwenye kibali aichukue bastola yake Jumamosi asubuhi, risasi zibaki kituoni, aende nayo nyumbani, aifungue, aisafishe, aifunge, na ifikapo saa kumi jioni awe ameirudisha mbele ya Mkaguzi wa Silaha. Agizo lilikuwa la ukurasa mmoja, limepigwa chapa vizuri, lina muhuri. Nimelisoma mara nne. Hakuna mahali palipoandikwa itasafishiwa juu ya meza ya nani. Kutokana na upungufu huo, naleta malalamiko yafuatayo:

1. Meza. Nyumba yetu ina meza moja tu yenye mwanga wa kutosha, na ni yangu. Kila Jumamosi natakiwa kuipisha silaha. Saa za wateja zinahamia kitandani. Wiki iliyopita mwalimu mmoja mstaafu alikuja kuchukua saa yake, nikaitoa chini ya mto mbele ya macho yake. Akaniuliza kama ilikuwa inaumwa.

2. Ukaguzi wa usalama. Kabla ya kufungua chochote, mke wangu huelekeza mdomo wa bastola kwenye ndoo ya mchanga iliyo pembeni, akachomoa magazini ya risasi, akavuta nyuma ile sehemu ya juu inayoteleza, akachungulia chemba inapokaa risasi, kisha akaingiza kidole cha mwisho kuhakikisha. Halafu hutangaza: “Tupu!” Hilo silipingi, ni jambo la maana. Ninachopinga ni kwamba kila aliyemo ndani lazima aje aangalie, naye aseme “Tupu!” Mama mkwe hakubali kutamka asichokiona, kwa hiyo shughuli nzima husimama tukitafuta miwani yake, ambayo kwa kawaida ameivaa.

Tabia hii imetapakaa. Sufuria ikifunuliwa, mtu anasema “Tupu!” Droo ikivutwa, “Tupu!” Majuzi nilikuwa nawaza jibu la swali la hesabu la binti yetu, tunayemwita Sekunde kwa sababu alizaliwa kabla sijamaliza kuvaa viatu vya kwenda hospitali. Mtoto akasubiri, akasubiri, mwisho akachungulia sikio langu na kutangaza matokeo.

3. Vifaa. Mke wangu alisema anahitaji mswaki wa zamani kwa ajili ya kusugua masizi ya baruti. Akachukua wangu. Haukuwa wa zamani, Mkuu, ulikuwa na siku mbili. Kitambaa cheupe anachotandika ni changu cha kufutia vioo. Pamba za masikio zimekwisha. Na mafuta yangu ya saa, ambayo nikiyachovya kwa ncha ya sindano yanatosha saa kumi, yalitolewa tone zima kwa ajili ya bastola moja. Nilipolalamika alisema, “Tone tu, baba.” Tone tu! Hivyo ndivyo anavyoweza kuzungumza mtu asiyejua saa kumi zinalala na kiu.

4. Dharau kwa taaluma yangu. Nimeifuatilia kazi yenyewe kwa jicho la ufundi. Anaitoa ile sehemu ya juu, anatoa springi yake, anatoa mtutu. Basi. Ukijumlisha magazini na mwili wenye mshikio, ni vitu vitano. Vitano! Anapitisha burashi ndani ya mtutu kutoka nyuma kwenda mbele, anafuatisha vipande vya kitambaa kimoja baada ya kingine mpaka kitoke cheupe, anapaka mafuta kidogo kwenye reli inamoteleza ile sehemu ya juu, anayafuta mpaka unashangaa alipaka ya nini. Anasema yakizidi yanakamata vumbi. Mimi ndiye niliyemfundisha hilo, kwenye bawaba za kabati, mwaka tuliooana.

Kisha anavirudisha vile vitu vitano mahali pake, na mama mkwe anatikisa kichwa kwa mshangao na kusema, “Mwanangu ana mikono.” Mkuu, kwa miaka kumi na minane mama huyu ameniona nikifunga saa za kike zilizo ndogo kuliko ukucha wake. Hajawahi kusema nina hata kidole.

5. Springi. Jumamosi ya tano springi ilimponyoka mke wangu, ikagonga dari, ikatua ndani ya kikombe cha chai cha mama mkwe. Mama mkwe akaendelea kunywa. Tulipomsihi, alisema chai ya moto haimwagwi kwa sababu ya chuma, na kwamba chuma chenyewe hakina haraka. Tulisubiri familia nzima, tumepiga magoti kuzunguka kiti chake, mpaka akafika chini.

6. Tukio lenyewe. Hapa naomba ukae vizuri.

Jumamosi ya nane mke wangu alikuwa amefungua na kusafisha, vipande vimepangwa kwenye kitambaa kutoka kushoto kwenda kulia, wakati mama mkwe alipopiga kelele kutoka jikoni. Bomba lilikuwa limepasuka na maji yanaruka hadi dirishani. Mke wangu aliinuka. Mlangoni akageuka.

“Usiguse kitu, Baba Sekunde.”

“Nani, mimi?”

“Wewe.”

Nikabaki peke yangu na ule mwili wenye mshikio. Ndani yake, Mkuu, kuna mambo. Kuna pini, kuna vyuma vidogo vinavyosukumana, kuna springi nyembamba kama unyusi, na yote hayo mke wangu huwa anayapangusa kwa juu na kuyaacha, eti kwa sababu agizo linasema mlinzi aishie pale, palipobaki ni pa Mkaguzi. Mimi niliona vumbi humo. Labda lilikuwa vumbi. Nilichukua bisibisi yangu nyembamba kuliko zote nikaingia.

Zilikuwa dakika sita. Sitakudanganya, zilikuwa tamu. Nilitoa, nikapuliza, nikarudisha. Nikauweka ule mwili palepale ulipokuwa, hata pembe ya kitambaa nikaikunja alivyokuwa ameikunja yeye. Aliporudi, nguo zimelowa hadi magotini, alikuta vipande vyote kwenye mstari wake. Akakausha mikono, akahesabu, akafunga. Akaelekeza kwenye ndoo ya mchanga, akavuta kifyatulio: ta! Akavuta nyuma sehemu ya juu, akajaribu tena: ta! Nikashusha pumzi.

Saa kumi, mbele ya Mkaguzi wako na walinzi wenzake wote, kifyatulio kilivutwa mara ya tatu, kikabaki kulekule nyuma, hakikurudi. Mkaguzi akafungua, akakuta springi nyembamba imewekwa kinyume. Mlinzi wa miaka tisa! Jumatatu yake akaondolewa mlango wa hazina, akapelekwa geti la nyuma la kituo kuandika namba za magari ya mizigo.

Alirudi nyumbani, akavua viatu, akavipanga. Akasema, “Nimehamishwa.” Kisha akauliza kama kuna chakula. Nikampakulia, bisibisi ikiwa mfukoni mwangu. Zimepita wiki nne. Saa kumi na tatu zimening’inia kwenye ukuta wangu, na tangu siku ile zote zinanisema mimi.

Sasa, ukilitazama jambo hili kwa utulivu, utakubali kwamba kosa si langu. Bila agizo, bastola isingefika nyumbani. Isingefika nyumbani, isingefunguliwa mezani. Isingefunguliwa mezani, nisingeona ndani. Ni nani, basi, aliyeifungua bastola ile? Ni karatasi yako, Mkuu. Mimi nilikuwa kiganja tu.

7. Maombi. Kwa hoja hizo, naomba:

(a) Agizo lifutwe, na karatasi yake ikabidhiwe kwangu niifungie saa.

(b) Mke wangu arudishwe mlango wa hazina, aombwe radhi mbele ya walinzi walewale.

(c) Kama (a) haiwezekani, meza yangu itangazwe rasmi kuwa tawi la chumba cha silaha, ipewe bendera ndogo na mlinzi wake, na mlinzi huyo asiwe mke wangu.

(d) Bomba la jikoni lichunguzwe. Kupasuka kwake dakika ile ile kunatia shaka, na sitashangaa likikutwa na uhusiano na ofisi yako.

(e) Mama mkwe aandikiwe barua yenye muhuri, isemwe ndani yake kwamba saa ina vipande vingi kuliko bastola.

Naamini utayashughulikia haya kwa haraka na kwa usiri. Nisalimie Mkaguzi wa Silaha, ambaye sina ugomvi naye kama hatoangalia tena ndani. Nisalimie mpiga chapa wako, ana mkono mzuri. Salamu kwa walinzi wa zamu zote, kwa mpishi wa kantini, na kwa mbwa wa kituo, ambaye nasikia ndiye pekee hajawahi kupewa agizo.

Mimi, niliye mtiifu kwako katika yote ila meza,

Fundi Saa
(mume wa mlinzi wa geti la nyuma)

N.B. Mkuu, mistari hii naiandika nimesimama kwenye dirisha la mapokezi la kituo chako, kwa kalamu yenu iliyofungwa kamba fupi, ndiyo maana mwandiko umepinda.

Asubuhi hii mke wangu aliikuta barua kabla sijaifunga. Aliisoma akiwa amevaa sare, yuko njiani kwenda zamu. Kwenye kifungu cha nne alicheka. Kwenye cha sita aliketi. Alipomaliza alisema alijua tangu siku ile ile. Mkaguzi alipoifungua bastola mbele yake, aliona kwenye pini ya ndani mkwaruzo mwembamba, na hapa mjini kuna bisibisi moja tu inayokwaruza vile. Mkaguzi alimwuliza kama kuna mtu mwingine aliyeigusa silaha. Akajibu, “Ni mkono wangu.” Kwa sababu raia akigusa silaha ya kikosi anapelekwa mahakamani, na vifaa vyake vinachukuliwa. “Kuhamishwa mtu mmoja kunatosha nyumba moja,” alisema. Kisha akaniambia niichane barua hii, niende nikanunue betri za saa, na nisirudie upuuzi. Akafunga mkanda, akaenda getini kwake.

Basi, Mkuu, futa kifungu cha kwanza mpaka cha tano. Cha saba kisome kama hakikuandikwa, isipokuwa (b). Agizo lako halikuwa na tatizo. Liliandika wazi mlinzi aishie wapi, na mlinzi aliishia hapo. Cha sita ndicho nakuomba usome mara mbili. Kila neno lililomo ni kweli, mpaka pale ninapoanza kuilaumu karatasi.

Nimeingia kwa geti la mbele, maana la nyuma yupo yeye, na angeandika jina langu kwenye daftari. Mpokezi amekubali kukuletea barua hii mkononi. Mimi nitakuwa kwenye benchi nje ya mlango wako, nimevaa koti la kahawia. Bisibisi nimekuja nayo mkaipime kwenye mkwaruzo. Niite ukishamaliza, ila usichelewe sana. Anadhani nimekwenda kununua betri.